Diya ya aliyeuawa na gari: azimio la Brunei na mahali lilipoishia

 

Katika misiba ya ajali za barabarani kuna maneno ambayo sisi wenye vilemba tumezoea kuyasema kabla hata maiti haijaoshwa: ajali haina kinga, ni qadari ya Mola, basi familia isamehe. Kwamba mauti ni qadari, hilo halina ubishi. Lakini aliyepigwa jiwe naye kafa kwa qadari, na hakuna faqihi aliyesema kuwa kwa sababu hiyo mpigaji asiulizwe. Sura An-Nisaa, aya ya 92, inazungumzia kuua kwa makosa, na ndani yake mna kafara na mna diya ya kukabidhiwa wenyewe, ila wakiitoa sadaka. Anayeitoa sadaka ni yule ambaye haki imekwisha kuwa yake.

Maulamaa wa zama zetu wamelishughulikia jambo hili. Majmaa ya Kimataifa ya Fiqhi ya Kiislamu, katika kikao chake cha 8 kilichofanyika Brunei mwezi Juni 1993, ilitoa azimio namba 71 kuhusu ajali za magari. Kwa ufupi: kufuata sheria za barabarani zisizopingana na sharia ni wajibu; ajali nyingi huingia katika mlango wa kuua kwa makosa; dereva ni dhamini wa roho na mali za watu. Haokoki ila kwa mambo matatu: nguvu isiyozuilika na isiyo na mkono wa mwanadamu, kitendo cha aliyedhurika mwenyewe kilichokuwa ndiyo sababu yenye nguvu, au kosa la mtu mwingine, ambaye hapo ndiye atakayebeba.

Ni azimio zuri, na linatosha kuwajibu wanaosema tairi lililopasuka ni qadari. Tairi kipara lililojulikana tangu asubuhi lina mkono wa mwanadamu ndani yake.

Ila kuna mahali azimio linatuacha njiani. Limeshika ile kaida ya mubashiri na mutasababu: mwenye kutenda kwa mkono wake ni dhamini hata kama hakuvuka mpaka, na mwenye kusababisha si dhamini mpaka awe amevuka mpaka au amezembea. Wakikutana wote wawili, dhima ni ya mubashiri, isipokuwa mutasababu awe ndiye mkosaji na mubashiri hana kosa. Sasa litazame basi la abiria. Mwenye basi anajua breki ni mbovu, na anampa dereva hesabu ya siku asiyoweza kuifikia bila kukimbia. Dereva naye anajua, na anaondoka nalo stendi. Wote wamevuka mpaka. Kwa dhahiri ya kaida, dereva peke yake ndiye anayebeba, na tajiri anarudi nyumbani. Azimio lenyewe lina kifungu kingine kinachosema kwamba sababu mbili zikiwa zote na athari, kila mmoja abebe kwa kadiri ya fungu lake. Kwa maoni yangu kifungu hiki ndicho cha kuhukumiwa hapa, na ilifaa maulamaa waliseme hilo waziwazi badala ya kutuachia sisi kuvuta.

Mafaqihi wa kale hawakuogopa kugawa. Imamu an-Nawawi katika Minhaj, kitabu tunachokisomesha pwani yote, anataja wapandaji wawili waliogongana bila kukusudia wakafa: kila upande unadaiwa nusu ya diya ya mwenzake. Kisha akazilinganisha jahazi mbili na wanyama wawili, na mabaharia na wapandaji. Basi si mbali na hapo.

Nani alipe? Diya ya kosa hubebwa na aqila, yaani jamaa wa kiume wa upande wa baba, kwa miaka 3. Kwetu aqila imebaki kitabuni. Majmaa ililiona hilo ikaja na azimio namba 145, Dubai, mwaka 2005, ikaruhusu bima ya ushirikiano ya Kiislamu, vyama vya wafanyakazi na mifuko maalumu isimame badala yake. Ama bima ya biashara, Majmaa ilikwisha kuiharamisha mwaka 1985, na hapo ndipo baadhi ya ndugu wanapowaambia mayatima wasipokee fedha ya kampuni. Hili ni kosa. Mkataba ule aliufunga mwenye gari. Mrithi hakufunga kitu. Anapokea deni lake, na dhambi ya mkataba iko kwa aliyeufunga.

Kuhusu kiasi, asili ni ngamia 100, na Sayyidna Umar (r.a.) alikadiria dinari 1,000, karibu kilo 4 na robo za dhahabu. Oman iliweka riali 15,000 mwaka 2008, Saudia riali 300,000 mwaka 2011. Msomaji wa Garissa anaijua bei ya ngamia. Azidishe mwenyewe, kisha alinganishe na ile bahasha ya rambirambi inayoletwa matangani pamoja na karatasi ya kutia sahihi.

Na karatasi ile husainiwa na nani? Mara nyingi ami, au kaka mkubwa, mjane akiwa ndani eda haijaanza kuhesabiwa vizuri. Diya ni mirathi. Sayyidna Umar (r.a.) mwenyewe aliona mke harithi diya ya mumewe, mpaka adh-Dhahhak bin Sufyan alipomweleza kuwa Mtume (s.a.w.) alimwandikia amrithishe mke wa Ashyam adh-Dhibabi katika diya ya mumewe, akaiacha rai yake. Hadithi iko kwa Abu Daud na Tirmidhi. Basi ami asiyerithi hana cha kusamehe. Mjane husamehe thumuni yake au robo yake tu. Na fungu la mtoto ambaye hajabaleghe halisamehewi na walii wake, maana walii amewekwa kuilinda mali ile, si kuigawa. Kadhi wa Kenya, ambaye katiba ya 2010 imemwekea ndoa, talaka, mirathi na hali ya mtu, hana mlango wa kumhukumu dereva. Lakini fedha hii ikiisha kulipwa kama diya, mgawo wake ni faradhi.

Dereva naye, hata akisamehewa diya yote, kafara haijamwondokea: kwa kuwa hakuna mtumwa wa kuacha huru, ni miezi 2 mfululizo ya kufunga. Katika misiba niliyohudhuria sijamsikia imamu hata mmoja akimwambia.

Wallahu aalam.