Heko, Mzee Ojwang'

Benson Wanjau alizaliwa Mkikuyu, lakini Kenya nzima ilimjua kama Mjaluo. Kwa miongo kadhaa alikuwa Mzee Ojwang' wa kipindi cha vichekesho Vitimbi, kwenye televisheni ya taifa, na wako waliomtazama tangu utotoni bila kushuku kwamba ile lafudhi ya Kijaluo hakuzaliwa nayo.

Hapo ndipo ufundi wake ulipo. Kuiga lafudhi ya kabila lingine ni rahisi ukitaka kuchekesha kwa dakika mbili. Kuibeba mwaka hadi mwaka, bila Wajaluo wenyewe kuona wamedharauliwa, ni kazi nzito. Mtazame anapobishana na Mama Kayai, mkewe katika Vitimbi, aliyeigizwa na Mary Khavere. “Sh” inalainika kuwa “s”, macho yanamtoka nyuma ya miwani mikubwa, kisha ananyamaza kidogo kabla ya kujibu. Kimya kile kinachekesha kuliko jibu lenyewe.

Sisi wa Butembo na Beni, mashariki mwa Kongo, tunaelewa hilo haraka. Kiswahili chetu kina Kinande, lugha yetu ya nyumbani, ndani yake, na anayetuigiza tunamtambua mara moja: huyu anatupenda, huyu anatucheka. Wanjau alimpenda mzee aliyemwigiza.

Malipo hayakulingana na jina, na hilo linaniuma. Macho yalipomsumbua uzeeni, Wakenya walimchangia matibabu. Alifariki Nairobi Julai 2015. Vijana wetu wanaorekodi vichekesho kwa simu mtaani Kimemi, hapa Butembo, wamtafute, wamsikilize anavyonyamaza.