Barua za Wakubwa, Kimya cha Tony

Citizen Lord ya Stella Tillyard niliipata kwa wauza vitabu vya mtumba pale Tom Mboya, jalada limeng'oka, kwa bei ya soda mbili. Nilidhani ni umbea wa malodi. Ni umbea, kweli, ila unaishia gerezani.

Tillyard alivuma 1994 na Aristocrats, kitabu kuhusu dada wanne wa ukoo wa Lennox, Uingereza na Ayalandi, karne ya 18. Mmoja wao, Emily, alizaa watoto 22. Mumewe, Duke wa Leinster, alipofariki, akaolewa na mwalimu wa watoto wake. Hebu fikiria grupu ya WhatsApp ya familia hiyo. Citizen Lord, ya 1997, inamfuata mwanawe Edward Fitzgerald: askari wa mfalme aliyekwenda Paris 1792, akakana cheo chake cha ulodi, akafutwa jeshini, kisha akarudi Dublin kupanga uasi. Alikamatwa Mei 1798, siku chache kabla uasi haujalipuka, na Juni 4 akafa gerezani kwa majeraha.

Kuna wanaodharau historia za sebuleni ati hazina siasa. Mimi sikubali. Kijana aliyemwona mamake akiolewa na mwajiriwa wake ashajua kwamba ngazi za tabaka ni mbao tu, zinavunjika. Hapo Tillyard ananishika kabisa; anaandika kama mtu aliyejificha chini ya meza akisikiliza. Lakini wakulima wa Wexford waliokufa kwa maelfu na mikuki mikononi hawakuacha barua, basi kwao anapita mbio.

Halafu kuna Tony Small. Mtu mweusi aliyetoroka utumwa, akamkuta Edward amelala na jeraha kwenye vita vya Eutaw Springs, South Carolina, 1781, akamuuguza hadi akapona. Tangu siku hiyo wakawa pamoja: Kanada, London, Dublin. Bila Tony hakuna lodi mwasi, hakuna kitabu. Tillyard hamfichi, nampa hiyo. Ila mengi tunayosikia kuhusu Tony yanatoka kwenye barua za Edward kwa mamake, na humo Tony ni mwaminifu, mwaminifu, mwaminifu. Mwandishi angeweza kusimama hapo atuulize: mwaminifu kwa hesabu ya nani? Hasimami vya kutosha. (Vitabu vyetu vya Happy Valley ni vibaya zaidi. Kifo cha Lord Erroll, 1941, kimeandikwa hadi kikachakaa, na wapishi wa nyumba zile ni kama viti.)

Naona inaniuma kwa sababu mamangu alifanya kazi ya nyumba miaka 18, kwa familia moja iliyopenda kusema yeye ni mmoja wao. Walipohama walimwachia barua ya kumpendekeza. Mistari minne. "Mwaminifu" imo mara mbili, jina lake limekosewa. Ndiyo hati pekee ya miaka yote ile.

Juzi nilimsimulia kitabu akikuna nazi. Akanisikiliza hadi gerezani, hadi kifo. Kisha akauliza, "Na huyo Tony, walimlipa ngapi?"

Nimerudi kurasa za mwanzo, natafuta.