Mlima wa Kubuni Unapolipuka: Namna ya Kupima Kazi ya Mwandishi

Mlima ukilipuka ndani ya riwaya ya fantasia, wasomaji wengi huutazama moto. Mimi huyatazama majivu. Moto hauna kazi kubwa. Mwandishi yeyote anaweza kupaka anga rangi nyekundu, kuangusha minara na kumtoa shujaa chupuchupu. Ufundi unajulikana kwenye sura inayofuata. Jua likichomoza safi siku ya tatu na watu wakarudi mashambani, mlima ule ulikuwa pambo tu.

Mlipuko mkubwa hauachi jua la namna hiyo. Tambora, katika kisiwa cha Sumbawa huko Indonesia, ulilipuka Aprili 1815. Mwaka uliofuata theluji ilianguka mwezi wa Juni kaskazini-mashariki mwa Marekani, na Ulaya ya magharibi mavuno yakaharibika. Kwa hiyo, ukifika kurasa hamsini baada ya mlipuko wa kubuni, uliza maswali ya sokoni: nafaka imepanda bei kiasi gani? Mifugo inakula nini? Nyufa za Laki zilipofunguka Iceland mwaka 1783, gesi yenye florini ilitia sumu malishoni, na zaidi ya nusu ya mifugo ya nchi ikafa. Njaa iliyofuata iliua watu wengi. Mwandishi anayejua hili haoni haja ya kummiminia lava kila mhusika.

Hapo ndipo N. K. Jemisin wa Marekani anapowaacha wenzake mbali. Katika The Fifth Season (2015) bara zima linapasuliwa mwanzoni kabisa, kisha kinachobaki ni kutembea ndani ya majivu. Lakini utamu wa kazi yake uko katika mambo madogo yaliyokuwapo kabla ya mpasuko. Watu wana mikoba ya dharura iliyofungwa tayari, miji ina maghala na kuta, na kuna mafundisho ya kale yanayoeleza nani alishwe na nani afungiwe lango. Ni watu ambao mababu zao walishapitia haya. Ulimwengu unaokaa chini ya volkano lazima uonekane umeizoea volkano: tazama mapaa yao yana mwinuko gani. Pinatubo, Ufilipino, ulipolipuka Juni 1991, tufani ilipita wakati huohuo, majivu yakalowa mvua, na wengi waliokufa waliangukiwa na mapaa. Mji wa kubuni wenye mapaa bapa karibu na mlima wa moto unahitaji maelezo.

Kuna pia suala la tabia ya mlima. Lava yenye silika kidogo ni kama uji, na yenye silika nyingi ni kama ugali: ya kwanza huachia gesi na kutiririka, ya pili huibana gesi mpaka mlima upasuke. Nyiragongo, karibu na mji wa Goma nchini Kongo, ni wa aina ya kwanza. Mwaka 2002 lava yake ilipita katikati ya mji mpaka Ziwa Kivu. Pelée, katika kisiwa cha Martinique, ni wa aina ya pili. Tarehe 8 Mei 1902 wingu la gesi na majivu ya moto lilishuka juu ya mji wa Saint-Pierre, na watu wapatao 28,000 wakafa kwa dakika chache. Mwandishi mvivu huchanganya yote mawili, mito myekundu ya kupendeza pamoja na mlipuko wa kupasua anga, kwa sababu yote yanavutia machoni. Si haramu, ila atoe sababu.

Nitajibiwa kwamba hii ni fantasia, kila kitu kinaruhusiwa. Ndiyo, na hata dunia yetu ina maajabu: lava ya Ol Doinyo Lengai, Tanzania, ni nyeusi mchana, haifiki hata nyuzi 600 za Selsiasi, na ikipata unyevu hugeuka nyeupe. Ninachodai ni sheria moja kushikwa mwanzo hadi mwisho. Uchawi nao uwe na gharama. Watu wa Jemisin wenye uwezo wa kuitikisa ardhi huchota joto kutoka pembeni, na walio karibu nao wanaweza kuganda kwa baridi.

Kipimo cha haraka ni sauti. Sauti husafiri kilomita moja kwa takriban sekunde tatu. Mtu aliye kilomita thelathini kutoka mlimani ataona kwanza, kisha atangoja dakika moja na nusu. Krakatau, Indonesia, ulipolipuka tarehe 27 Agosti 1883, mshindo ulisikika kisiwani Rodrigues, ndani ya Bahari yetu ya Hindi, kilomita karibu 4,800 kutoka huko, saa kadhaa baadaye. Hayo ni mapengo ya thamani kwa msimulizi: mhusika ameona, bado hajasikia. Wengi huyapoteza bure.

Kisha hewa. Watu wa Goma wanaijua mazuku, kaboni dioksaidi inayotoka ardhini na kutuama mabondeni. Haionekani, hainuki, na huua. Sijui kwa nini waandishi wa fantasia wanaotafuta mazimwi hawaitumii. Tolkien alikaribia. Katika The Return of the King (1955), Frodo na Sam, wakiuendea mlima wa moto, wanasumbuliwa na kiu, vumbi na pumzi kabla ya moto wenyewe, na mlima ule una historia: watu wa Gondor waliupa jina la maangamizi kwa sababu ulishawahi kuwaka. Filamu ya 2003 ya riwaya hiyo ndiyo iliyoharibu, kwa kumzamisha mhusika Gollum polepole ndani ya lava. Lava ni mwamba ulioyeyuka, mzito kuliko mwili wa mtu. Angeelea juu akiungua.

Jules Verne, katika L'Île mystérieuse (1875), si fantasia kamili, lakini kisiwa chake ni cha kubuni na maandalizi yake ni ya fundi. Kapteni Nemo anaonya mapema kwamba ukuta wa pango ukipasuka, bahari itaingia tumboni mwa mlima. Ukuta unapasuka, kisiwa kinaangamia, na msomaji hana la kulalamika. George R. R. Martin kachukua njia nyingine: maangamizi ya kivolkano ya milki ya Valyria yalitokea zamani, hayaelezwi sawasawa, tunayaona kwa hasara tu, kama panga ambazo siri ya kuzifua imepotea. Ni ujanja mzuri, ingawa unamwepusha na mtihani mgumu zaidi.

Ukitaka kuanza kujipima jicho, soma Verne kwa ajili ya maandalizi na Jemisin kwa ajili ya matokeo. Katika riwaya nilizosoma, hakuna iliyoipita ya Jemisin.