Samehe: Jina na Amri katika Filamu ya Maangamizi

Sisi tukaao kati ya mto Themi na mlima Meru tulionwa na kamera kabla ya kusikiwa. Filamu ya Kimarekani Hatari!, iliyotoka mwaka 1962, ilipigwa kwa sehemu kubwa katika nchi hii ya Arusha. Wanyama na mandhari vimo tele, lakini wenyeji ni wasaidizi wa wageni, wala hawana neno lao wenyewe. Filamu ya Maangamizi (2001), iliyoongozwa na Martin Mhando wa Tanzania na Ron Mulvihill wa Marekani, nayo ina mtu asiyesema. Ila safari hii kimya chenyewe ndicho kisa.

Asira, daktari Mmarekani mweusi, anakuja kufanya kazi katika hospitali ya wagonjwa wa akili nchini Tanzania. Huko anamkuta Samehe, mwanamke aliyenyamaza kwa miaka ishirini. Amandina Lihamba ndiye anayemwigiza. Samehe yu chini ya ulinzi wa mhenga aitwaye Maangamizi, na daktari hawezi kumtibu pasipo kuyakabili majeraha yake mwenyewe.

Tuyaangalie majina. Mlinzi anaitwa kwa neno la uharibifu, na aliyejeruhiwa anaitwa kwa kitenzi cha kuamuru. Kabla hajaulizwa alitendewa nini, kila amwitaye amemwamuru kusamehe. Hapa wachungaji hatuna budi kujiona. Ni mara ngapi mwanamke aliyepigwa amekuja kwetu, nasi tukamtaka asamehe kabla hajamaliza kueleza? Mimi mwenyewe nimefanya hivyo, nikidhani nahubiri Injili. Rafiki za Ayubu waliketi naye siku saba bila kusema neno. Kosa lao lilianza walipofungua vinywa.

Filamu hii haikuzuka peke yake. Katika Arusi ya Mariamu (1985), ya Nangayoma Ng'oge na huyo huyo Mulvihill, Lihamba alikuwa mwanamke ambaye hospitali haikuweza kumponya, naye akiwaogopa waganga. Katika These Hands (1992), Flora M'mbugu-Schelling aliwatazama kwa utulivu wanawake waponda kokoto, karibu bila maelezo yoyote. Basi kabla ya wingi wa filamu za video za miaka ya 2000, ambamo mara nyingi pepo hutoka kwa ombi moja, palikuwapo sinema ya Kitanzania iliyoamini kwamba uponyaji huchukua muda.

Kasoro zipo. Maumivu ya Mtanzania yanafunuliwa tena kupitia macho ya mgeni, ingawa mgeni huyu ni ndugu wa damu. Tena filamu yampa mhenga kazi ambayo sisi twakiri kuwa ni ya Kristo, Mpatanishi mmoja. Hapo hatuwezi kuifuata. Lakini tusikimbilie kuhukumu kabla ya kujiuliza kwa nini wengi waliobatizwa huja kwetu mchana na kwenda kwingine usiku. Labda huko yupo anayewasikiliza mpaka mwisho.

Msamaha ni zawadi ya Mungu, si kizibo cha kinywa. Mwanafunzi ajiandaaye kwa uchungaji na aitazame filamu hii, kisha ajizoeze kukaa kimya mbele ya aliyeumizwa.