Muziki wa Filamu na Ukimya Wake: Kumsikiliza Toru Takemitsu

Anayetaka kuupima muziki wa filamu aanze kwa kuuliza umenyamaza wapi. Wengi huupima kwa wimbo unaobaki kichwani taa zikishawashwa, na kipimo hicho huwapendelea watunzi wanaoifuata picha kama kivuli: machozi yakitoka fidla zinalia, farasi wakikimbia ngoma zinarindima. Toru Takemitsu (1930–1996), Mjapani aliyejifunza utunzi zaidi kwa juhudi zake mwenyewe na kuzitungia muziki filamu zipatazo mia moja, hakupenda kulirudishia sikio kile ambacho jicho limekwisha kuona.

Itazame Ran ya Akira Kurosawa (1985). Ngome inawaka, mishale inamiminika, askari wanakufa kwa wingi, lakini kelele za vita hazisikiki kabisa. Ni okestra tu inayoomboleza polepole. Ghafla bunduki inalia, kifungua mimba wa mtawala anapigwa risasi juu ya farasi wake, na vurumai yote inarudi kwa kishindo. Mlio ule mmoja unatisha kwa sababu sikio lilikuwa limenyimwa milio mingine yote. Atakayesema uamuzi huo ni wa Kurosawa ana hoja, kwani mwongozaji ndiye aliyeupanga tangu kwenye muswada. Ila miaka kama ishirini kabla ya Ran, Takemitsu alikwisha fanya kazi ya namna hiyo na mwongozaji Masaki Kobayashi. Katika Harakiri (1962) biwa, ala ya nyuzi ya Kijapani, hupigwa kwa uchache na kila pigo huachiwa nafasi ya kufifia. Katika Kwaidan (1964) alirekodi mbao zikipasuliwa, akaigeuza milio hiyo kuwa muziki usiokwenda sambamba na picha ya nyumba iliyooza, na hofu ikazaliwa katika mwachano huo.

Je, alijificha nyuma ya ukimya kwa kukosa kipaji cha wimbo? Waltz ya filamu ya Tanin no Kao (1966) inatosha kujibu. Ni tamu mno, nayo imewekwa kwenye hadithi ya mtu aliyeungua uso akavaa wa bandia. Utamu huo ndio unaomfanya mtazamaji asitulie. Mwishoni mwa maisha yake Takemitsu aliipanga upya kwa ajili ya okestra ya nyuzi, na ukumbini inapendeza. Asikie hivyo mwenye kuamini kwamba muziki bora wa filamu ni ule unaojitegemea: waltz ile inajitegemea vizuri kabisa, lakini bila uso ule haimsumbui mtu.