Kioo cha Polepole

Wasomaji, mwajua kwamba mwanga hukimbia kuliko vitu vyote: karibu kilometa 300,000 kwa sekunde moja. Toka jua hata uso wako ni dakika 8 hivi. Basi jua unaloliona ni jua la dakika 8 zilizopita, na ziko nyota tunazoziona kama zilivyokuwa kabla babu zetu hawajazaliwa. Mwandikaji mmoja wa Belfast, jina lake Bob Shaw (1931–1996), alilifikiri jambo hilo, akajiuliza: itakuwaje kama mwanga utacheleweshwa ndani ya nyumba ya mtu?

Kisa chake kiitwacho «Light of Other Days», yaani Mwanga wa Siku Nyingine, kilitoka mwaka 1966 katika gazeti la Marekani, Analog. Katika ulimwengu alioutunga, watu wana kioo cha polepole. Mwanga ukiingia upande mmoja, hutoka upande wa pili baada ya miaka, pengine kumi. Wauzaji hukisimamisha mbele ya ziwa na milima, kikashiba mwanga. Kisha mtu wa mjini hukinunua na kukitia ukutani, na kwa miaka kumi ataona ziwa lile, na mawingu yake, mahali palipokuwa na ukuta wa jirani.

Mume na mke, Selina, wanasafiri kwa motokari huko Uskoti. Selina ana mimba, nao wawili hawakuitaka, ndiyo sababu ya ugomvi wao. Wanafika kwa Hagan, muuzaji wa vioo. Hagan ameketi ukutani nje, na dirishani mwa nyumba yake anaonekana mwanamke kijana na mtoto mdogo. Hawawasalimu wageni. Mvua inanyesha, Selina anachukua blanketi waliloazimwa alirudishe ndani, Hagan anamzuia kwa sauti kubwa, lakini amekwisha kufungua mlango. Chumba ni kitupu, kichafu, chenye unyevu. Mke na mtoto walikwisha kufa zamani, wamegongwa na motokari barabarani. Dirisha ndilo lililowashika.

Nilipokisoma mara ya kwanza nilidhani nguvu ya kisa ni mlango ule. Nilipokisoma mara ya pili, mshangao umekwisha kuisha, niliona nguvu iko mahali pengine: kwa Hagan ambaye hawezi kuingia nyumbani mwake. Akiingia, atawakosa. Ili awaone wake, sharti akae nje penye baridi, na nyumba ioze. Tena kioo hakidanganyi hata kidogo. Mwanamke yule ni mke wake kweli, anacheka kweli, ila kicheko ni cha siku iliyopita, na mume akimwita hageuki. Mimi nina picha ya marehemu mama yangu juu ya meza. Haijanizuia kulala kitandani. Picha haisogei, nayo hukubali kwamba jambo limepita. Kioo cha Shaw hakikubali. Na siku mwanga uliomo utakapokwisha, Hagan atafiwa mara ya pili.

Sifa nyingine ya kisa ni kuwaweka hao wageni karibu naye: mume mwenye mke hai kando yake, asiyetaka kumtazama. Hapo ndipo naona kosa pia. Selina tunamwona kwa macho ya mumewe tu, naye amekasirika. Mwanamke wa dirishani, ambaye ni kivuli, ametungwa kwa upendo zaidi kuliko huyu mwenye mimba. Labda mwandikaji alikusudia hivyo. Mimi ningependa kumsikia Selina.

Shaw aliendelea. Katika kisa cha mwaka 1967, «Burden of Proof», mtu amekwisha kuuawa kwa hukumu, na kioo kilichokuwapo penye kosa bado hakijatoa mwanga wake. Hakimu anangoja miaka ajue kama alihukumu sawa. Jambo zito, nalo limeandikwa vema. Mwaka 1972 akaviunganisha katika kitabu kirefu, «Other Days, Other Eyes». Humo kioo kinatiwa katika motokari na ndege kabla watu hawajajua tabia yake, na waendeshaji wanaona njia kama ilivyokuwa kitambo kidogo nyuma. Wanaangamia. Mke wa mvumbuzi anapofuka, kisha anapata kuona tena kwa vipande vya kioo, lakini aona leo mambo ya jana. Hatari hizo ni kubwa kwa hesabu ya maiti, hata hivyo nilizisoma kwa moyo mtulivu kama mtu asomaye habari za ajali ya mbali. Kitabu kina mashine nyingi mno. Hagan hakuhitaji mashine ila dirisha moja.

Msiseme ni upuzi mtupu. Mwaka 1999 Lene Hau, mtaalamu wa Denmark afanyaye kazi Marekani, pamoja na wenziwe, walipunguza mwendo wa mwanga hata meta 17 kwa sekunde, ndani ya mvuke wa sodiamu uliopozwa kupita baridi yote tuijuayo. Mwaka 2001 wakausimamisha kwa kitambo kidogo kabisa. Mwanga wa meta 17 kwa sekunde hupitwa na motokari iendayo mbio. Lakini mvuke ule hauwezi kutiwa dirishani, na Shaw hakuandika ili atabiri.

Mwishoni mume na Selina wanaondoka wameshikana. Nyuma yao Hagan angali ameketi ukutani, analitazama dirisha.