Urithi wa Kasighau si mlima na ndovu pekee

Ukishuka Maungu kwenye barabara kuu ya Mombasa ukakata kuelekea Kasighau, utasimuliwa habari za mlima, ndovu na msitu. Msitu wenyewe una bei. Tangu 2011 kaboni yake huuzwa katika masoko ya kimataifa. Yote hayo huitwa urithi. Lugha iliyoipa milima na vijito majina, aghalabu haitajwi. Hapa ndipo ninapotofautiana na wanaoandika kuhusu urithi wa Taita.

Chukua neno 'fighi'. Wengi hulifasiri kuwa 'msitu mtakatifu', basi. Si kosa, ila fasiri hiyo imepunjwa. Fighi ni mahali pa tambiko na kinga ya jamii, penye miiko yake. Ukilipoteza neno, unabaki na miti tu.

Kasoro nyingine ni kusema 'Kitaita' kana kwamba ni lugha moja. Kidawida cha milimani, Kisaghala cha karibu na Voi na Kikasighau havilingani. Mwaka 1981, Christopher Ehret na Derek Nurse walionyesha kwamba maneno ya mkopo katika lugha za Taita yana athari za Wakushi walioishi huko zamani. Ushahidi huo umo vinywani mwa watu.

Mwaka 1915 Waingereza waliwahamishia Wakasighau Malindi kwa nguvu, wakiwashuku kuwasaidia Wajerumani. Wengi walifia huko. Waliorejea Kasighau 1936 walirudi na lugha yao. Je, iliyookoka uhamisho ife wenyewe wakiwa kwao?

Wapo wasemao ati Kiswahili ndicho muuaji. Sikubali. Lugha mbili hukaa kinywani mwa mtoto mmoja bila kugombana. Wala sheria pekee haitoshi: Katiba ya Ireland ya 1937 iliifanya Kiayalandi lugha rasmi ya kwanza, lakini maeneo ya Gaeltacht, inakozungumzwa kila siku, yamezidi kusinyaa. Sisi nasi tuna Ibara ya 7 ya Katiba ya 2010, inayoiagiza Serikali kukuza lugha za kiasili.

Mtaala unaruhusu lugha ya eneo kufundishia madarasa ya chini. Maungu ni mji wa mchanganyiko, Kiswahili kinafaa. Lakini Rukanga, Bungule na Makwasinyi je? Hebu wazee warekodiwe, majina ya mahali yaandikwe pamoja na maana zake, na watoto wasomeshwe hayo. Orodha ya urithi isiyo na lugha haijakamilika.